Shule za udereva Nakuru: unalipia dakika ngapi za usukani?

Shule za udereva mjini Nakuru karibu zote huuza kifurushi kimoja: vipindi kadhaa vya barabarani, masomo ya darasani, bodi ya mji wa mfano, na kuwekewa nafasi ya mtihani. Bei na idadi ya vipindi huandikwa kwa herufi kubwa mlangoni. Kisichoandikwa popote ni dakika, na dakika za usukani ndizo bidhaa unayonunua. Kijana anayetoka nyumbani na pesa alizochangiwa na mama na mjomba ana haki ya kuuliza hilo kabla hajatoa hata shilingi, tena aulize bila aibu.

Tupige hesabu. Shule ya kwanza inatoa vipindi 20 vya saa moja moja, lakini gari linabeba wanafunzi wanne. Kila mmoja anashika usukani dakika 15. Mara 20, hizo ni dakika 300, yaani saa 5. Saa nyingine 15 umekaa kiti cha nyuma ukimtazama mwenzako akizima gari. Shule ya pili inatoa vipindi 15 tu vya nusu saa, ila uko peke yako na mwalimu: dakika 450, saa 7 na nusu. Tuseme ya kwanza inatoza shilingi 13,000 na ya pili 16,000. Saa moja ya usukani inakugharimu 2,600 kwenye ile inayoonekana rahisi, na takriban 2,130 kwenye ile inayoonekana ghali. Aliyesoma bango la mlangoni pekee amechagua vibaya.

Sisemi kiti cha nyuma hakina faida. Siku tatu nne za kwanza unajifunza mengi kwa kumwona mwenzako akikosea, hasa upande wa klachi. Baada ya hapo faida hiyo inakwisha. Kuna pia mwizi wa dakika ambaye hatajwi: safari za kuchukuana. Gari likianzia mjini, likamfuate mwanafunzi mtaa wa Section 58, limshushe mwingine Lanet, muda huo unahesabiwa ndani ya kipindi chako. Maswali ya kuuliza ofisini ni matatu: tutakuwa wangapi ndani ya gari, kipindi kinaanza kuhesabiwa nikishika usukani au nikifungua mlango, na mwanafunzi asipofika siku hiyo muda wake unaenda wapi. Shule nzuri hujibu papo hapo. Shule inayojibu "usijali, utajua tu" imekwisha kukujibu.

Kabla ya kulipa, omba uketi kwenye gari lenyewe, kwa kuwa kwa kawaida gari la shule ndilo utakalofanyia mtihani. Kanyaga klachi hadi chini kisha uiachie taratibu mwalimu akiwa amewasha injini. Klachi yenye afya hushika katikati ya mwendo wa kanyagio. Iliyochakaa hushikia juu kabisa, karibu na mahali mguu unapoishia, na mwanafunzi aliyezoea hiyo atazima kila gari lingine atakalopewa maishani. Tazama upande wa mwalimu: lazima awe na breki yake, na ikiwezekana klachi yake pia. Mwalimu mwenye breki peke yake anaweza kulisimamisha gari, lakini litazimika, na kama uko katikati ya raundabauti huo ni mwanzo wa balaa lingine. Tazama breki ya mkono inashika kwa milio mingapi. Ikipanda hadi karibu na kifua ndipo ishike, mlima utakuwa adui yako bila kosa lako. Herufi L nyekundu juu ya cheupe iwepo mbele na nyuma. Shule yenyewe na mwalimu wake wanatakiwa kuwa na idhini ya NTSA, mamlaka ya usalama barabarani, kwa hiyo kuomba kuiona si ujeuri.

Swali la otomatiki au gia za mkono huwasumbua wengi kuliko linavyostahili. Magari mengi ya familia yanayoletwa kutoka Japani siku hizi ni otomatiki, na leseni ya daraja la B1 inakutosha kama hilo ndilo gari utakaloendesha. Lakini kwa kijana anayetafuta kazi, awe wa kusambaza mizigo kwa Probox au kubeba mboga kwa pikapu kutoka Njoro, B2, ile ya gia za mkono, ndiyo ya kuchukua. Aliyejifunza gia za mkono akipewa otomatiki huizoea siku hiyo hiyo. Aliyejifunza otomatiki akipewa gia za mkono hukwama mahali gari liliposimama. Maoni yangu ni kwamba uchukue gia za mkono hata kama zinakuogopesha. Kufika miaka 18 ndilo sharti la umri kwa magari haya madogo, na saa zile za klachi ni rahisi kuzitoa sasa kuliko ukiwa na kazi na watoto.

Leseni ya muda ya kujifunzia, ile ambayo kila mtu huiita PDL, hutangulia kila kitu. Huiombi ofisini, unaingia eCitizen, tovuti ya huduma za serikali, kwa nambari ya kitambulisho, unafungua huduma za NTSA, unachagua leseni ya muda, unachagua daraja, unalipa, unachapisha. Ada iliyozoeleka ni shilingi 650 ikiwa ni pamoja na ile 50 ya mtandao. Kazi ni ya dakika chache, lakini hapa ndipo makosa mawili makubwa huzaliwa.

La kwanza ni daraja. Kijana anajifunza gia za mkono, mhudumu wa saiba anambofyia B1, na hakuna anayegundua mpaka siku ya kuwekewa nafasi ya mtihani. La pili ni baya zaidi, nalo huja taratibu: mhudumu wa saiba anafungua akaunti yako ya eCitizen kwa nambari ya simu yake na barua pepe yake, eti kazi iende haraka. Tangu siku hiyo, kila msimbo wa kuthibitisha unaenda kwenye simu yake. Miezi kadhaa baadaye ukitaka kuomba kadi, uko Bahati na yeye amehama mji. Tumia nambari yako, barua pepe yako na nenosiri uliloliandika mwenyewe. Kama huna barua pepe, fungua siku hiyo hiyo kabla ya kugusa eCitizen. Malipo yenyewe yanapita kwenye ukurasa wa eCitizen, kwa nambari ya malipo ya serikali 222222. Mtu akikupa nambari yake binafsi "akusaidie kulipia", kataa. PDL ikishachapishwa, tembea nayo pamoja na kitambulisho kila unapokwenda barabarani, na utazame tarehe yake ya mwisho mapema, maana ikiisha katikati ya mafunzo unalipa upya.

Sasa bodi. Hapa shule nyingi za Nakuru na za Kisumu zinastahili sifa: wanaifundisha kwa bidii, pengine kuliko barabara yenyewe. Bodi ni ubao mpana kama meza ya chakula, umepakwa rangi, barabara zimechorwa nyeusi kwa mistari myeupe, kuna hospitali, shule, kituo cha mafuta, reli, raundabauti, barabara ya upande mmoja, na vibao vya ishara vidogo vilivyosimama pembeni. Unapewa kigari cha kuchezea na amri moja: toka maegesho, nenda hospitali. Halafu unakisukuma kwa vidole huku ukisema kwa sauti kila unachofanya.

Wanafunzi huanguka hapa kwa sababu ambayo ni ya macho kabla ya kuwa ya sheria. Unasimama upande huu wa ubao, kigari kinakuja kukuelekea. Kushoto kwa kigari ni kulia kwako. Mkono unakisukuma upande unaoonekana kuwa kushoto, na papo hapo umeingia upande wa magari yanayokuja. Dawa yake ni kutembea. Zunguka ubao, simama nyuma ya kigari siku zote, kitazame kama unavyolitazama gari lililo mbele yako barabarani. Hakuna mtahini anayekukataza kuzunguka. Mwalimu asiyekwambia hivyo siku ya kwanza anakuachia ulijue kwa kuumia.

Jambo la pili ni kukariri njia. Mwanafunzi anajua "maegesho hadi hospitali" kama shairi. Mtahini anachukua kigari kingine, anakiweka kwenye makutano, anauliza: nani anapita kwanza? Shairi linakatika. Kwa hiyo usijifunze njia, jifunze kanuni chache zinazojibu kila njia. Tunaendesha kushoto. Kwenye raundabauti unampisha anayetoka kulia kwako, ambaye tayari yumo ndani. Ukikata kulia, unampisha anayekuja moja kwa moja mbele yako. Huingii kwenye mraba wa mistari ya njano kama njia yako ya kutokea haijafunguka. Kwenye barabara ya upande mmoja, ukitaka kukata kulia unahamia upande wa kulia mapema, si kwenye kona. Ambulensi na zimamoto wakiwa kazini, unasogea kando na kuwapisha.

Raundabauti inahitaji kuchorwa kichwani vizuri zaidi, kwa kuwa inaulizwa kwenye bodi na inakungoja barabarani. Unakwenda kushoto: ingia njia ya nje, indiketa ya kushoto tangu mwanzo hadi mwisho. Unakwenda mbele: ingia bila indiketa, kisha ukipita njia ya kutokea iliyo kabla ya yako, washa ya kushoto. Unakwenda kulia: ingia njia ya ndani, indiketa ya kulia, zunguka, ukipita njia ya kutokea iliyo kabla ya yako badilisha iwe ya kushoto, tazama kioo cha kushoto, toka. Indiketa ile ya pili ndiyo inayosahaulika. Dereva anayesubiri kuingia anaisoma hiyo ajue kama unatoka au unaendelea kuzunguka. Ukiikosa, ama anasimama bure, ama anaingia mbele yako. Pale Kondele mjini Kisumu, ambapo matatu, boda na tuktuk vinagombania nafasi moja, wengi hawaitumii kabisa, na mwanafunzi huanza kuona kwamba ni pambo la mtihani. Si pambo.

Nikija kwenye kipengele ninachokithamini kuliko vyote, kuondoka kwenye mlima, Nakuru ina bahati ambayo Kisumu haina. Mji umelala kwenye mteremko kati ya Menengai na ziwa. Ukipanda kutoka katikati ya mji kuelekea Milimani, barabara inainuka bila kukuuliza. Mwanafunzi wa Nakuru hukutana na mlima hata asipoutafuta. Kisumu mjini ni tambarare inayoshuka polepole hadi ziwani. Unaweza kumaliza vipindi vyote kuanzia Oginga Odinga Street hadi Nyamasaria na usijue mlima ni nini. Anayejifunza Kisumu adai apelekwe Riat, kwenye barabara ya kwenda Kakamega, angalau vipindi viwili. Kuomba hivyo si kusumbua mwalimu, kwa sababu mtu wa Kakamega au Vihiga anayejifunzia Kisumu atarudi kwao kwenye vilima kila wiki.

Utaratibu ni huu, na haubadiliki. Gari limesimama kwenye mteremko, breki ya mkono imepandishwa. Klachi chini kabisa, gia ya kwanza. Kanyaga mafuta kidogo, ngurumo ya injini ipande kiasi, kisha uitulize hapo hapo. Sasa inua klachi polepole sana. Sikiliza. Kuna mahali ngurumo inashuka, inakuwa nzito, kama mtu aliyeinua gunia. Boneti inainuka kidogo mbele yako, na mgongo unahisi kiti kikikusukuma. Hapo ndipo klachi imeshika, na hapo ndipo mguu wa kushoto unaganda. Walimu wa hapa wanaita kubalansi. Tazama kioo, washa indiketa, geuza kichwa utazame juu ya bega la kulia. Achia breki ya mkono. Kama umebalansi sawasawa, gari halisogei mbele wala nyuma, limening'inia. Ongeza mafuta, maliza kuinua klachi, ondoka.

Makosa ni matatu, na kila moja lina chanzo chake. Gari likirudi nyuma, uliachia breki ya mkono kabla klachi haijashika. Ulifuata mkono badala ya sikio. Likizimika kwa mtikisiko, uliinua klachi upesi au mafuta yalikuwa machache mno. Ukisikia harufu kama ya mpira unaoungua, umening'iniza gari muda mrefu kwa klachi na mafuta mengi. Bamba la klachi linasuguana na kuchomeka. Kwenye foleni ya mlimani usikae umebalansi, pandisha breki ya mkono, weka fri (gia ikiwa huru), pumzisha mguu. Mwalimu anayekuacha ubalansi dakika nzima ukingoja lori lipite anakufundisha kununua klachi mpya kila mwaka.

Kuzimikiwa na gari kunawatisha vijana kupita kiasi. Kinachoharibu mambo ni kinachofuata: mkono unakimbilia ufunguo gia ikiwa bado ya kwanza na klachi iko juu, gari linaruka mbele kama mbuzi. Likizimika, klachi na breki chini pamoja, breki ya mkono juu, gia kwenye fri, ndipo uwashe. Rudia hivyo nyumbani ukiwa umekaa kwenye kiti cha kawaida, miguu ikikanyaga sakafu, hadi mwili uujue mpangilio bila kukuuliza.

Kurudi nyuma na kuegesha hufundishwa vizuri katika shule nyingi, sina mengi ya kuongeza isipokuwa moja: wengi hufundishwa kwa alama za uwanja wa shule, kwamba ukiona jiwe jeupe kwenye kioo kata usukani wote. Mahali pengine hakuna jiwe jeupe. Muombe mwalimu akuonyeshe kwa gari lililoegeshwa, si kwa jiwe.

Siku ya mtihani fika mapema na kitambulisho, PDL na uthibitisho wa nafasi uliyolipiwa. Ada ya mtihani iliyozoeleka ni 1,050, nayo hulipwa eCitizen pia. Hii ina maana kwamba hakuna pesa yoyote halali inayopita mkononi mwa mtu siku hiyo. Ukiambiwa mwanafunzi anachangia "chai" ili mambo yaende, huo ni ufisadi, na shule inayoukusanya kutoka kwa wanafunzi wake inakwambia kwamba haina imani na ilichokufundisha. Uliza jambo hili waziwazi siku ya kujiandikisha: je, kuna malipo mengine siku ya mtihani? Waandike jibu kwenye risiti.

Bodi na ishara za barabarani huja kwanza, barabara baadaye. Jiandae kuulizwa mambo ya chini ya boneti: wapi unapimia oili na kwa nini gari liwe limesimama mahali sawa likiwa limezimwa, maji ya rejeta yanaongezwaje na kwa nini kifuniko hakifunguliwi injini ikiwa moto, kopo la mafuta ya breki liko wapi. Kwa swali la rejeta, sababu ni shinikizo: maji yale yamepita nyuzi 100 bila kuchemka kwa kuwa yamebanwa, na ukifungua yanalipuka usoni kama mvuke. Shule nyingi hupitia sehemu hii kwa dakika tano tu mlangoni. Ni pungufu, na ni rahisi kuzibwa: dakika 20 boneti ikiwa wazi zinatosha.

Barabarani mtihani huwa mfupi. Kinachowaangusha watu ni cha mwanzo na cha mwisho kuliko cha katikati: kuondoka bila mkanda au bila kugusa vioo, na kusimama mwishoni bila kupandisha breki ya mkono, kisha kufungua mlango bila kutazama nyuma. Katikati, mtahini anatazama mikono na macho. Mikono miwili kwenye usukani, mmoja ukienda kwenye gia na kurudi papo hapo. Macho yaende kwenye kioo kila unapotaka kupunguza mwendo. Kichwa kisogee kiasi cha kuonekana; ukigeuza mboni peke yake, aliye kando yako hajui kama umetazama. Mwendo ndani ya mji ni kilomita 50 kwa saa, usipite, wala usitambae kwa 15 hadi matatu zikupigie honi.

Malalamiko yangu makubwa juu ya huduma hii yote si bei wala bodi. Ni kwamba inaishia mahali barabara inapoanza. Mwanafunzi wa Nakuru anapewa leseni inayomruhusu kwenda hadi Eldoret kesho asubuhi, na bado hajawahi kuvuka gia ya tatu. Hajawahi kuendesha usiku, hajawahi kuendesha kwenye mvua, hajawahi kulipita lori. Halafu njia ya kwanza anayokutana nayo akielekea magharibi ni Salgaa na Sachangwan, mteremko mrefu uliochukua maisha ya watu wengi, unaojaa malori ya Mombasa na Nairobi yanayokwenda Malaba na Busia na yanayorudi.

Mteremko ule haufundishwi darasani, na maelezo yake hayazidi aya moja. Gari zito likishuka kwa kutegemea breki, kila kukanyaga kunageuza mwendo kuwa joto. Breki zikipata joto kupita kiasi hupoteza mshiko, kanyagio linakanyagika lakini gari halipungui. Dereva aliyeweka fri ili kuokoa dizeli amejinyima msaada wa injini, na akitaka kurudisha gia kwa mwendo ule mara nyingi inakataa. Kwa hiyo kwenye mteremko unashuka kwa gia ndogo uliyoiweka kabla ya kuanza kushuka, injini ikikushikilia, na breki unaigusa kwa vipindi, unaachia ipoe. Na ukiwa na gari dogo, usikae mbele ya lori linaloshuka wala usilikate mbele yake. Dereva wake hawezi kusimama unavyosimama wewe. Mwendo halali wa malori na matatu ni kilomita 80 kwa saa, lakini usiamini kibandiko, tazama kioo.

Shule inayokubali kukuuzia saa mbili za barabara kuu baada ya mtihani, mwalimu akiwa pembeni, inastahili pesa zako kuliko inayokuongezea vipindi vya uwanjani. Nunua moja alasiri ya Aprili au Agosti mvua inaponyesha, uhisi tairi zikielea kidogo kwenye maji na ujue umbali wa kusimama unavyoongezeka. Nunua nyingine jioni giza likiingia, taa za magari yanayokuja zikikuchoma macho. Tazama ukingo wa kushoto wa barabara, si taa zenyewe. Kama shule haina huduma hiyo, tafuta ndugu mwenye subira, na kabla ya kuwasha gari lake msome pamoja masharti ya bima kuhusu nani anaruhusiwa kuliendesha.

Ukifaulu, matokeo yanaingizwa kwenye mfumo na unaomba leseni ya kadi, ile yenye chipu, kwenye akaunti ile ile ya eCitizen. Ada iliyozoeleka ni 3,050. Ukijumlisha na 650 ya PDL na 1,050 ya mtihani, serikali imechukua 4,750, na hiyo iko nje ya karo ya shule isipokuwa shule ikuandikie kwamba imo. Wengi hugombana hapa, kwa hiyo soma risiti kabla ya kutia saini. Ada hizi hubadilika kwa tangazo la serikali, zitazame kwenye ukurasa wa malipo siku unayolipa.

Fomu ya kadi inauliza kundi la damu. Usibahatishe wala usiandike la kaka yako. Pima kwenye maabara ya hospitali yoyote na utunze karatasi, kwa kuwa maelezo hayo yanawekwa kwa ajili ya siku ambayo wewe mwenyewe hutaweza kuyasema. Kisha chagua siku ya kwenda kupigwa picha na kutoa alama za vidole kwenye Huduma Centre. Vidole vilivyokauka kwa saruji au jembe huwa vigumu kusomwa na mashine; vipake mafuta usiku uliotangulia, asubuhi uvioshe na kuvikausha kabisa. Kadi ikiwa tayari, usiitie mfukoni hapo kaunta. Igeuze, tazama jina herufi kwa herufi dhidi ya kitambulisho, daraja ulilofanyia mtihani, kundi la damu na tarehe ya mwisho, na kama kuna kosa liseme mhudumu akiwa bado mbele yako.